Si Mapenzi Yaliyomwokoa Jambazi

Wiki iliyopita nilirudishiwa kazi kwa mara ya tatu mwaka huu, na kwa mara ya tatu kosa lilikuwa lilelile. Kituo kimoja cha televisheni ninachokitafsiria filamu za Kihindi kilikuwa kimefuta muhtasari nilioandika, ule unaokaa chini ya sura ya stelingi kabla mtazamaji hajabonyeza, na mahali pake kikaweka sentensi moja: "Mapenzi ya kweli yamwokoa jambazi." Safari hii filamu ilikuwa Ghulam ya mwaka 1998. Safari iliyotangulia ilikuwa Yuva ya mwaka 2004, na sentensi ilikuwa hiyohiyo, kana kwamba imehifadhiwa kwenye droo ikisubiri kila picha yenye bastola, busu la kukwepa na mbunge mwenye miwani myeusi. Mhariri ni kijana mpole, na sikutaka kumjibu kwa ukali kwenye barua pepe. Najibu hapa, ambapo naweza kujinafasi.

Imani yenyewe tumeirithi. Wajomba zangu walioangalia picha za Kihindi pale Majestic, Unguja, walizisimulia hivyohivyo: kijana wa mtaani anatumiwa na mkubwa, anampenda binti wa watu, binti analia, kijana anatupa silaha, mkubwa anaaibika, na watu wanatoka ukumbini wakiimba. Siwalaumu wajomba, kwa sababu walisimulia picha waliyoiona mara moja, bila maandishi ya chini, katika lugha ambayo wengi wao hawakuijua. Sisi tunaolipwa kuisikiliza kila sentensi mara nne hatuna udhuru huo.

Tuanze na Ghulam. Siddhu, anayeigizwa na Aamir Khan, ni bondia na kijana wa vijiweni Mumbai, katika mtaa ambao kila mwenye duka anamlipa Raunak Singh ili aachwe afanye biashara. Hari ni mtu anayewahimiza wakazi wasimame dhidi ya Raunak. Siddhu anatumwa na Raunak ampeleke Hari mahali fulani kwa mazungumzo. Anampeleka, na Hari anauawa. Alisha, binti ambaye Siddhu anampenda, ni dada yake Hari. Sasa naomba mwenzangu wa droo ya sentensi anionyeshe mapenzi yalimwokoa wapi. Kabla ya Alisha, Siddhu alikuwa na kosa ambalo angeweza kulisahau kama alivyosahau mengine mengi. Baada ya Alisha, kosa limepata sura, limepata jina la ukoo, na linakaa mbele yake mezani. Mapenzi hayakumtua mzigo, yaliuongeza uzito. Kinachomtoa Siddhu alipokuwa ni kusimama mahakamani na kusema alichokiona, jambo ambalo mtaa mzima ulijua na mtaa mzima ulinyamaza, na baada ya hapo kuingia barabarani kupigana na Raunak mbele ya watu walewale walionyamaza. Anayemsukuma kwenda kutoa ushahidi, ukitazama vizuri, ni wakili Fatima kuliko Alisha, na sijawahi kuona muhtasari unaosema "Wakili amwokoa jambazi."

Hapa ndipo kazi yetu inapoanza kuuma, kwa maana kosa la muhtasari huteremka hadi kwenye maandishi. Filamu za aina hii zina msamiati wake wa kujutia, na msamiati huo haulingani na wetu neno kwa neno. Kuna maafi, yaani msamaha, ambao huombwa na kutolewa kati ya watu wawili na ukaisha hapo. Kuna tauba, ambayo ni toba yetu hii hii, imefika Mumbai na Mombasa kutoka Kiarabu kimoja. Halafu kuna prayashchit, neno lenye asili ya Kisanskriti, ambalo maana yake ni tendo la kulipia dhambi: si kujisikia vibaya, si kulia, bali kufanya kitu chenye gharama. Mtu anaweza kupewa maafi akiwa amelala. Prayashchit haiwezi kumfikia bila yeye mwenyewe kuinuka. Katika maandishi niliyokuwa nikiyatuma nilikuwa nikiitafsiri kuwa kafara, na kila mara mhariri alikuwa akiibadilisha kuwa toba.

Namwelewa, na nakiri kwamba kwa neno hili sina ushindi kamili. Kafara kwa mtu aliyesoma madrasa ni malipo yanayojulikana: aliyeharibu saumu yake ya Ramadhani kwa tendo la ndoa mchana hufunga miezi 2 mfululizo, na asipoweza hulisha masikini 60. Hiyo ndiyo maana niliyoitaka, yaani kosa lenye bei, na bei inalipwa kwa mwili au kwa mali. Lakini mtazamaji wa leo akisikia kwamba stelingi "anatoa kafara", anamwona mtu akimchinjia mganga kuku, au mbaya zaidi, akimtoa mwanawe ili apate utajiri, na ghafla filamu ya mahakamani imegeuka filamu ya uchawi. Nimejaribu malipizi, neno zuri ambalo Wakatoliki wanalijua kwa sababu hupewa malipizi baada ya kuungama, lakini mtazamaji wa Tanga au Lamu huenda akalisoma kuwa ni kisasi. Nimejaribu fidia, ikanuka ofisi ya bima. Siku hizi ninaliacha jina na kutumia kitenzi tu: alipe, nilipe, amelipa. Ni njia ya mtu aliyeshindwa, ila mtazamaji anaelewa kwamba kuna deni, wakati toba peke yake ingemwambia kwamba kuna machozi.

Na hata toba yenyewe tunaionea. Mafundisho ya toba husema wazi kwamba dhambi iliyogusa haki ya mja haifutiki kwa majuto tu. Haki ya mwenyewe lazima irudishwe au mwenyewe asamehe. Ukimuua Hari, haki ya Hari utamrudishia nani? Swali hilo ndilo filamu. Mhariri anapoandika toba akiwa na maana ya "alijuta akapendwa", hakosei Kihindi peke yake, anakosea Kiswahili pia.

Nikiwa bado kwenye maneno, niseme haraka kuhusu jina la filamu. Ghulam kwa Kihindi na Kiurdu ni mtumwa. Ghulamu kwa Kiswahili, hasa katika tenzi, ni kijana wa kiume. Nimeona tafsiri iliyoridhika kuliacha jina kama lilivyo kwa sababu "linaeleweka", na kweli linaeleweka, ila kinyume. Tuna maneno mengi ya ujamaa wa aina hii na Kihindi, na mengi hutusaidia: habari, dunia, wakati, mahaba, hukumu, na serikali yetu ambayo imetoka kwenye sarkar ya Kiajemi, neno ambalo Wahindi bado wanaliitia serikali yao. Lakini ndugu wa mbali huweza kufanana sura na kutofautiana tabia.

Yuva ni kesi nzito zaidi, kwa sababu humo siasa si pazia la nyuma. Mwongozaji wake, Mani Ratnam, aliiweka Kolkata, na kiini chake ni tukio moja juu ya daraja la Vidyasagar, ambapo Lallan, jambazi wa kutumwa, anampiga risasi Michael, kiongozi wa wanafunzi, huku Arjun, kijana aliyetaka kwenda zake Marekani, akishuhudia. Filamu inarudi nyuma mara tatu ili kutuonyesha kila mmoja alifikaje darajani. Aliye nyuma ya risasi ni Prosenjit, mwanasiasa anayeigizwa na Om Puri, ambaye hapigi kelele wala hapigi meza. Na hakuwa kioja cha kubuni. Mwaka 1993, baada ya milipuko ya mabomu ya Bombay, Mumbai ya leo, serikali ya India iliunda kamati chini ya N. N. Vohra, katibu wa wizara ya mambo ya ndani, na ripoti yake ya Oktoba mwaka huo ilieleza jinsi magenge, baadhi ya polisi, watumishi wa serikali na wanasiasa walivyoshikana hadi kuendesha kitu kama serikali ya pili. Mwaka 2002 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo, katika shauri lililoanzishwa miaka 3 kabla na shirika la kiraia la Association for Democratic Reforms, iliamuru wagombea wataje kesi zao za jinai pamoja na mali zao. Uchaguzi mkuu wa 2004 ulimalizika Mei 10, na Yuva ikaingia kumbini Mei 21. Mtazamaji wa Kolkata aliyemwona Prosenjit skrini hakuhitaji kuelezwa na mtafsiri yeyote.

Lallan ndiye anayenichukulia usingizi. Abhishek Bachchan anamwigiza kama mtu ambaye mwili wake umemzidi nguvu, anayecheka na kupiga kwa mkono uleule. Mkewe Sashi, anayeigizwa na Rani Mukerji, aliiacha familia yake kwa ajili yake, ana mimba yake, na anamwomba aiache kazi ile. Kama kanuni ya droo ingekuwa kweli, hapa ndipo ingefanya kazi, kwa maana mapenzi ya Sashi hayana dosari: anapenda kuliko Alisha, anavumilia kuliko mtu yeyote kwenye filamu hiyo, na Lallan naye anampenda, kwa namna yake mbovu. Haikufanya kazi. Lallan anaishia mikononi mwa polisi, na Sashi anaondoka. Rani Mukerji yuleyule, aliyekuwa Alisha miaka 6 kabla, anapenda tena, na safari hii mwanamume halipi, basi mapenzi yanabaki kuwa mapenzi tu. Yeye na Abhishek walipata tuzo za Filmfare za waigizaji wasaidizi kwa kazi hiyo, na sidhani walituzwa kwa kuonyesha wokovu.

Kuna jambo moja katika sehemu ya Lallan na Sashi ambalo sijalimaliza moyoni. Filamu inauonyesha ukatili wake nyumbani kwa karibu sana, na papo hapo inaupamba kwa muziki wa A. R. Rahman na kwa vicheko vya chumbani, hata watazamaji wengi wanatoka wakisema "lakini alimpenda". Nimetafsiri sentensi zake za kubembeleza na nimejikuta nikizichagulia Kiswahili kitamu, kwa sababu Kihindi chake ni kitamu. Je, nilitafsiri, au nilimtetea? Maneno yalikuwa sahihi, alama za muda zilikuwa sahihi, mstari haukuzidi herufi 42, na bado sina hakika kwamba nilitenda haki. Mwisho wa filamu nao, ambapo Michael, Arjun na wenzao wanachaguliwa na kuingia bungeni wakiwa na nguo zao za kila siku, unanifurahisha kila nikiutazama na haunishawishi hata mara moja.

Kuhusu nyimbo, ambazo mhariri huyuhuyu huzikata ili kupata nafasi ya matangazo, nitasema moja tu: asiyetaka nyimbo atafute kazi nyingine.

Najua nitaambiwa kwamba nimechagua filamu 2 zinazonifaa. Basi chukueni Deewaar ya mwaka 1975, mama wa picha zote za jambazi mwenye uchungu. Anita ana mimba ya Vijay, jambazi mwenyewe, Vijay anaamua kumwoa na kujisalimisha kwa sheria, na hapo hapo Anita anauawa. Mapenzi yalimfikisha mlangoni. Malipo aliyatoa mwenyewe, kwa damu, na alikufa mikononi mwa mama yake hekaluni. Wajomba zangu waliokuwa wakiapa kwamba stelingi hafi waliisimulia picha hiyo kwa sauti ya chini, kama watu waliodanganywa.

Pingamizi ninaloliogopa kweli ni jingine. Ghulam imechota wazi kutoka On the Waterfront ya mwongozaji Elia Kazan ya mwaka 1954, ambamo pia bondia anasafishika kwa kutoa ushahidi, na Kazan mwenyewe, miaka 2 kabla, alikuwa amekwenda mbele ya kamati ya bunge la Marekani iliyokuwa ikiwasaka wakomunisti akawataja wenzake. Kwa hiyo wazo kwamba ushahidi unamtakasa mtu lilipita mikononi mwa mtu aliyekuwa na sababu yake ya kulipenda. Katika mtaa wa Siddhu anayesema anamkabili mwenye nguvu. Mbele ya kamati ile aliyesema alimpa mwenye nguvu alichokitaka. Tofauti hiyo kwangu inatosha, ingawa ziko siku ambazo nikitafsiri tukio la mahakamani mkono unasita.

Jana usiku nimemtumia mhariri muhtasari mpya. Nafasi wanayotoa ni herufi 90, na wangu una 86, vituo na nafasi vikihesabiwa: "Kijana aliyeshiriki mauaji bila kujua alazimika kuchagua: kunyamaza au kutoa ushahidi." Asubuhi amenijibu kwa adabu zote, shikamoo mwanzoni na ahsante mwishoni, akiuliza kama naweza kuongeza mapenzi kidogo. Nimehesabu tena. Zimebaki herufi 4, na neno penzi peke yake lina 5.