Haki ya kupata taarifa maana yake nini?

Tuseme unakaa Kibosho, juu kidogo ya Moshi. Zahanati ya kijiji ilianza kujengwa, kuta zikafika kwenye lenta, mafundi wakaondoka. Unataka kujua zilitolewa fedha kiasi gani na mkataba unasemaje. Unakwenda ofisini, unaambiwa kwa upole, "Njoo wiki ijayo." Wiki ijayo mhusika yuko semina. Hapo wengi huona wamenyimwa taarifa. Kisheria, bado hawajaiomba.

Haki ya kupata taarifa maana yake ni kwamba kumbukumbu za ofisi ya umma si mali ya mtumishi anayezitunza. Raia anaweza kuzidai, na anayezishika ana wajibu wa kujibu. Mzizi wake ni ibara ya 18 ya Katiba. Utaratibu wake umo katika Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016, inayotumika Tanzania Bara. Hata taasisi binafsi inayotumia fedha za umma inaguswa.

Ombi huwa la maandishi. Asiyeweza kuandika husema, ofisa taarifa akamwandikia. Nenda masijala na nakala mbili za barua, na ile unayobaki nayo igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Ofisi ina siku 30 za kukujibu, na muhuri huo ndio ushahidi wako kwamba siku zimeanza kuhesabiwa. Inaniuma kuona mtu mwenye hoja nzito anakwama kwa kukosa karatasi hiyo moja. Tena taja unachotaka kwa jina lake: mkataba wa ujenzi, hati za malipo za mwaka wa fedha fulani. Ukiandika "taarifa zote za zahanati" umewapa nafasi ya kukuzungusha.

Ofisi inaweza kukataa kwa sababu kama usalama wa taifa, upelelezi unaoendelea au faragha ya mtu, ila ikuandikie sababu hiyo. Usiporidhika una siku 30 za kumwomba mkuu wa taasisi apitie upya uamuzi, kisha siku 30 nyingine za kukata rufaa kwa Waziri mwenye dhamana ya sheria.

Baadaye ndipo huja mapitio ya mahakama, katika Mahakama Kuu, ambayo ina masijala Moshi na Arusha. Jaji hakai kwenye kiti cha mkurugenzi na kuamua badala yake. Anachotazama ni kama ofisi ilifuata sheria, na anaweza kuufuta uamuzi au kuiamuru itimize wajibu wake. Kwanza unaiomba mahakama kibali cha kufungua shauri, ndani ya miezi 6 tangu uamuzi unaoulalamikia, ukiambatanisha barua zako zote.

Kwa wenzetu wa Arusha, ukaribu wa mahakama kubwa za kanda usiwachanganye. Kwenye Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, Tanzania iliondoa mwaka 2019 tamko lililowaruhusu watu binafsi kuishtaki moja kwa moja, na mlango huo ukafungwa Novemba 2020. Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki bado inapokea mwananchi, hata kabla hajamaliza ngazi za nyumbani. Lakini lazima aonyeshe kuwa Mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki umevunjwa, na muda wake ni miezi 2 tu.