Posho, maji na mzigo: hesabu ya siku ya pagazi

Wapelelezi Waingereza Burton na Speke waliondoka pwani na msafara wa wapagazi Juni 1857, wakafika Ujiji, kando ya Ziwa Tanganyika, Februari 1858. Njia yenyewe, kutoka Bagamoyo kupitia Ugogo na Tabora, ni zaidi kidogo ya kilomita 1,200. Wasomaji wengi huigawa kwa idadi ya siku kisha wakaona msafara ulijikokota. Mimi naona hesabu hiyo inawaonea wapagazi, kwa sababu haina posho wala maji ndani yake.

Anza na mzigo. Kipimo kilikuwa frasila, karibu kilo 16, na pagazi alibeba kama frasila mbili, yaani kilo 32. Juu ya hapo kulikuwa na mkeka wake, chungu, kibuyu na silaha. Posho ya siku ilikuwa kibaba kimoja cha nafaka, karibu gramu 700. Sasa gawanya: mtu akijibebea chakula chake tu, siku 45 zinameza mzigo mzima. Watu 100 wanakula kilo 70 kwa siku, mizigo miwili na ushei. Hakuna msafara ulioweza kubeba chakula cha njia nzima. Ulibeba merikani (kitambaa cheupe cha pamba), kaniki (nguo nyeusi), shanga na masango (nyaya za shaba), ukanunua nafaka kijiji kwa kijiji. Na kila nchi ilikuwa na shanga zake. Ukifika na rangi isiyopendwa hapo, una mali begani na njaa tumboni.

Ufungaji ulikuwa ufundi. Robota, yaani furushi la nguo, lilikazwa kwa kamba katikati ya vijiti virefu vilivyochomoza chini kama miguu. Pagazi akichoka aliliegemeza kwenye mti, asihangaike kuliinua tena kutoka chini, na usiku nguo hazikugusa unyevu wala mchwa. Wanyamwezi walibeba begani, watu wa pwani kichwani juu ya ngata. Mzigo wa watu wawili kwenye mti mmoja haukupendwa, maana unayumba na kila mmoja anavutwa na hatua ya mwenzake.

Njia ilikuwa uchochoro wa mguu mmoja. Mti ukianguka, wa kwanza anauzunguka, wa nyuma wanafuata nyayo zake. Mti unaoza na kupotea, kona inabaki. Wote walitembea mmoja nyuma ya mwingine, kirangozi, yaani kiongozi wa njia, mbele na bendera, kwa hiyo mmoja akichomwa mwiba, walio nyuma yake wote wanangoja.

Siku ya kawaida iliishia kabla jua halijawa kali: kuondoka alfajiri, kutua kama saa 5 asubuhi. Mchana ulikuwa wa kutafuta kuni, kununua nafaka, kutwanga na kupika. Asiyetwanga leo hana cha kula kesho, hata awe na nguvu kiasi gani.

Penye maji mbali, mpango uligeuzwa. Hii ndiyo terekeza, nami naiona kuwa akili kubwa kuliko zote za njia ile. Msafara ulipika na kunywa kwenye kisima cha mwisho, ukajaza vibuyu, ukaondoka mchana jua likiwa utosini. Ulitembea hadi usiku, ukalala pakavu bila kupika, kisha ukaamkia njiani ili ufike majini asubuhi ya pili. Hivyo umbali wa siku mbili ulipitwa kwa kukosa maji usiku mmoja tu. Marenga Mkali, kati ya Mpwapwa na Ugogo, ilivukwa namna hiyo. Jina lenyewe ni onyo, kwani marenga ni maji, yaani maji machungu.

Aliyechelewa kuondoka kisimani ndiye aliyeumia: giza linamkuta katikati ya pori, vibuyu vimekwisha, na jua la kesho linamkuta bado yuko mbali. Hapo ndipo mizigo ilipotupwa na watu kubaki nyuma. Punda hawakuwa dawa, kwani mbung'o waliwamaliza.

Masika yalileta shida ya upande wa pili. Mbuga ya Makata ilijaa maji na matope, na mpelelezi Stanley alipoivuka mwaka 1871, maji yalimsumbua kwa wingi wake kabla ya kumsumbua kwa uhaba wake huko mbele.