Alama ya kuuliza katika Zaburi ya 121

Kwenye kanga, kwenye kadi za rambirambi, hata kwenye kioo cha nyuma cha daladala, mstari huu utaukuta: "Nitayainua macho yangu niitazame milima." Mara nyingi unakatwa hapohapo. Nafundisha dini linganishi, na kila ninapofika kwenye somo la milima mitakatifu huwaomba wanafunzi wafungue Zaburi ya 121 na waimalize aya ya kwanza kwa sauti. Inaisha hivi: "Msaada wangu utatoka wapi?" Kuna alama ya kuuliza. Kiebrania cha kale hakikuwa na alama hizo, lakini neno lililopo pale, *me'ayin*, ni la kuuliza moja kwa moja: kutoka wapi? Jibu linakuja aya ya pili, na milima haimo. Msaada unatoka kwa BWANA aliyezifanya mbingu na nchi.

Huo ni wimbo wa msafiri anayepanda kwenda Yerusalemu. Njiani anaiona milima, na juu ya milima ile watu wa Kanaani walikuwa wamejenga madhabahu zao, zile ambazo Biblia yetu inaziita "mahali pa juu" na ambazo manabii hawakuchoka kuzilaani. Anaitazama, anauliza, halafu anaipita. Ukiielewa ishara hiyo ya macho, umepata ufunguo wa namna dini zote tatu za Ibrahimu zinavyoshughulika na milima. Zinaipenda mno, na bado hazikubali kuiabudu.

Tuanze na Sinai, maana ndiyo inayobeba uzito mkubwa kuliko yote.

Katika Kutoka 19, Musa anaambiwa awawekee watu mipaka kuuzunguka mlima. Atakayeugusa, awe mtu au mnyama, atakufa. Sura ya 34 inaongeza kwamba hata kondoo na ng'ombe wasilishwe mbele yake. Kisha kuna sentensi ambayo wasomaji wengi huiruka: pembe itakapolia kwa kufuliza, ndipo watu wapande. Hebu fikiria maana yake kwa mchungaji wa mbuzi. Siku ile ukikanyaga pale unakufa. Pembe ikishalia, peleka mifugo yako ikale majani. Marabi wa Talmudi, mkusanyiko wa mafundisho ya kale ya Kiyahudi, waliliona hilo, na katika Taanit 21b wakatoa fundisho ambalo nalirudia kila mwaka: si mahali panapompa mtu heshima, mtu ndiye anayepatia mahali heshima. Ushahidi wao ni Sinai yenyewe. Shekhina, yaani uwepo wa Mungu, ulipokuwa juu yake, mlima ulifungwa. Ulipoondoka, ukarudi kuwa mwamba na vichaka.

Matokeo ya fundisho hilo yanaonekana hadi leo. Wayahudi hawana hija ya Sinai. Wana sikukuu ya Shavuot, siku ya 50 tangu Pasaka, wanapokumbuka kupewa Torati, na wengi wao hukesha usiku kucha wakisoma. Lakini mlima wenyewe uko wapi, mapokeo yao hayakujishughulisha kulitunza jambo hilo. Katika Biblia nzima, baada ya Waisraeli kuondoka pale, mtu mmoja tu anarudi: Eliya, akimkimbia Yezebeli. Anafika Horebu, jina la pili la mlima uleule, anaingia pangoni, na mambo yote ya zamani yanapita mbele yake: upepo unaopasua miamba, tetemeko, moto. Mungu hamo katika hayo. Baada ya moto inakuja "sauti ndogo, ya utulivu". Na sauti hiyo inamwambia nini? Inamuuliza, "Unafanya nini hapa, Eliya?" Halafu inamwamuru arudi alikotoka, akafanye kazi. Nabii mzima katembea siku 40 kufika mlima wa Mungu, anakaribishwa kwa swali la kwa nini yuko pale.

Wakristo ndio walioupa mlima huo anwani. Mwishoni mwa karne ya 4 mwanamke msafiri aitwaye Egeria alipanda kilele kinachoitwa leo Jabal Musa, kusini mwa rasi ya Sinai nchini Misri, na akaandika kwamba hupandi kwa kuzunguka taratibu, unapanda wima kama unayekwea ukuta. Kilele kina mita 2,285. Karne ya 6 Kaisari Justinian akajenga chini yake ngome na kanisa, ndiyo monasteri ya Mtakatifu Katarina ambayo watawa wake wapo mpaka sasa.

Niliupanda usiku, kama wafanyavyo wengi, ili nilione jua likichomoza. Ngamia wanakoma kabla ya kufika. Ngazi za mawe za mwisho unamalizia kwa miguu, na mimi niliyeyasoma maandiko haya kwa miaka nilikuwa sina pumzi ya kusoma chochote. Juu kuna kanisa dogo la mawe na hatua chache tu kutoka hapo msikiti mdogo. Baridi ilikuwa ya kukata masikio. Watu wakaimba katika lugha ambazo sikuzijua, jua likatoka, granaiti ikageuka kutoka kijivu kuwa nyekundu kama kaa la moto, na baada ya dakika 20 hivi watu wote walikuwa wanateremka. Hakuna kitu cha kufanya pale juu. Hakuna maji, hakuna mti. Nilikaa kidogo nikijua kwamba ndivyo pembe ile ilivyomaanisha.

Kur'ani inaitaja Sinai kwa heshima ya pekee. Sura ya 52 inaitwa At-Tur, Mlima, na inaanza kwa kiapo cha mlima huo. Katika sura ya At-Tin Mwenyezi Mungu anaapa kwa mlima wa Sinai. Lakini angalia kinachoupata mlima huo katika Al-A'raf, aya ya 143. Musa anaomba amwone Mola wake. Anajibiwa kwamba hataweza, ila autazame mlima. Ukibaki mahali pake, basi ataona. Mola anapojidhihirisha kwa mlima, unavunjikavunjika, na Musa anaanguka amezimia. Mlima haukuhimili. Sijui andiko lingine lolote linalosema kwa ukali hivyo kwamba jiwe, hata liwe kubwa namna gani, si kikao cha Mungu. Kwingineko Kur'ani inasema amana ilitolewa kwa mbingu, ardhi na milima, vikakataa kuibeba kwa kuiogopa, akaibeba mwanadamu. Na kwamba kama Kur'ani ingeteremshwa juu ya mlima, ungeuona umenyenyekea na kupasuka. Milima inajua kiasi chake.

Kuna kitu kingine kidogo ninachokipenda sana. Maneno "vua viatu vyako" yamo katika Biblia na katika Kur'ani pia. Katika Kutoka 3 Musa yuko Horebu, mbele ya kijiti kinachowaka, na nchi anayosimama ni takatifu. Katika sura ya Ta-Ha anaambiwa avue kwa sababu yuko katika *bonde* takatifu la Tuwa. Bonde. Anayevua viatu barazani kabla ya kuingia msikitini hahitaji kuelezwa uzito wa amri hiyo, lakini inafaa kujua kwamba ilitolewa chini, sio kileleni.

Siku moja nilikuwa nasoma darasani kipande cha Talmudi, Shabbat 88a, kinachosema Mungu aliuinua Sinai akaushikilia juu ya vichwa vya Waisraeli kama pipa lililopinduliwa: mkiikubali Torati ni heri, mkikataa hapa ndipo kaburi lenu. Mwanafunzi mmoja, kijana wa Lamu aliyepita chuo cha Kur'ani kabla ya kuja kwetu, akanyoosha mkono. "Mwalimu, hii mbona tumeisoma?" Akaisoma kwa moyo Al-A'raf 171, mlima umeinuliwa juu yao kana kwamba ni kiwingu, wakadhani utawaangukia. Darasa likanyamaza. Mlima mmoja unaning'inia juu ya vitabu viwili, na kwa vyote viwili ni jambo la kutisha: kupewa neno la Mungu ni mzigo unaoweza kukuponda.

Sasa niseme palipo pagumu, kwa sababu nisiposema nitakuwa nimewadanganya. Si kila mlima unarudi kuwa jiwe. Moria haukurudi.

Mambo ya Nyakati wa pili, sura ya 3, inasema Sulemani alijenga hekalu la Yerusalemu juu ya mlima Moria, jina ambalo Mwanzo 22 inalitumia kwa nchi alikopelekwa Isaka. Kwa kimo si kitu. Mlima wa Mizeituni ulio mkabala wake ni mrefu kuliko wenyewe. Hekalu la pili lilibomolewa na Warumi mwaka 70. Ukiifuata hoja ya Sinai, utakatifu ungeondoka na moshi. Maimonides, mwanasheria mkuu wa Kiyahudi wa karne ya 12, alikataa: utakatifu wa mahali pale unatokana na Shekhina, na Shekhina haibatiliki. Ndiyo maana marabi wengi mpaka leo wanawakataza Wayahudi kukanyaga juu, wasije wakaingia bila kutakasika palipokuwa patakatifu pa patakatifu. Kwa Waislamu ni Haram Sharif, palipo na msikiti wa Al-Aqsa, kibla cha kwanza kabla ya kugeuzwa kuelekea Makka, na ndani ya Kuba la Mwamba, lililokamilika chini ya Khalifa Abd al-Malik karibu mwaka 691, limo jabali ambalo mapokeo yanalihusisha na Miraji, safari ya Mtume kwenda mbinguni. Mwamba huohuo Wayahudi wanauita jiwe la msingi wa dunia. Watu wamekufa kwa ajili ya eneo unaloweza kulizunguka kwa miguu kabla chai haijapoa. Mimi sina suluhisho la kisiasa, na simwamini anayelitoa kwenye mtandao kwa aya mbili. Ninachoweza kusema ni kwamba mvutano huu si ujinga wa watu wasiojua dini zao. Umo ndani ya dini zenyewe: Sinai inafundisha kwamba utakatifu unahama, Moria inafundisha kwamba umebaki.

Yesu anaulizwa swali hili waziwazi katika Yohana 4. Mwanamke Msamaria anamwonyesha Gerizimu, mlima ulio juu ya Nablus ambako Wasamaria wanachinja Pasaka yao hadi leo: baba zetu waliabudu juu ya mlima huu, nanyi mnasema ni Yerusalemu. Jibu ni kwamba saa inakuja ambapo haitakuwa mlima huu wala Yerusalemu. Na bado Injili zimejaa milima. Mathayo hasa hamwachi Yesu tambarare: mahubiri, kugeuka sura, kuwaaga wanafunzi wake Galilaya, yote mlimani. Mlima wa kugeuka sura hautajwi jina. Mapokeo ndiyo yaliyochagua Tabori. Petro anataka kujenga vibanda vitatu, kimoja cha Yesu, kimoja cha Musa, kimoja cha Eliya. Anataka wakae. Luka anasema hakujua asemalo. Wanateremka, na chini wanamkuta baba mwenye mtoto wa kifafa, na wanafunzi waliobaki wameshindwa kumponya.

Pale Sinai, ndani ya kanisa la Justinian, tukio hilo limetandazwa kwa mozaiki juu ya madhabahu: Kristo katikati, Musa upande mmoja na Eliya upande wa pili, Petro amelala chini ya miguu. Musa na Eliya ni wale wawili waliopanda mlima uliopo nje ya ukuta. Mchoraji hakuhitaji kuandika maelezo.

Kwa Waislamu, kilele cha Hija ni Arafa, uwanda ulio nje ya Makka, na neno "kilele" hapa linapotosha. Mtume (s.a.w.) alisema Hija ni Arafa. Alisimama karibu na miamba iliyo chini ya kile kilima kinachoitwa Jabal Rahma, akasema amesimama hapa, na Arafa yote ni kisimamo. Kila mwaka mahujaji wanasukumana kukipanda, na Imam An-Nawawi, karne ya 13, alikwisha kusema kwamba kuking'ang'ania hakuna msingi. Aliyesimama kwenye uwanda, karibu na hema lake, mikono juu, amesimama Arafa kamili. Wale wazee wetu waliorudi na uchungu kwamba miguu haikuwaruhusu kupanda, ningependa mtu awaambie hivyo.

Hata upendo wa mlima una nafasi yake. Uhud, mlima wa Madina, chini yake waliuawa vitani Waislamu wapatao 70 mwaka wa 3 Hijria, Hamza, ami yake Mtume, akiwa mmoja wao. Mtume aliusema: huu ni mlima unaotupenda nasi tunaupenda. Hakuna ibada hapo. Ni mapenzi matupu, ya mtu na ardhi iliyowazika watu wake.

Na Hira. Pango liko juu ya Jabal Nur, nje ya Makka, njia ni ya mawe na jua kali. Mwaka 610 Mtume alikuwa humo peke yake usiku wa Ramadhani alipobanwa na kuambiwa "Soma". Hija haina nguzo wala sunna ya kupanda pale. Masimulizi hayakawii pangoni hata kidogo. Yanamfuata akiteremka, moyo unamwenda mbio, hadi mlangoni kwa mkewe Khadija. "Nifunikeni, nifunikeni," anasema. Wakamfunika, mpaka hofu ikamtoka, na Khadija akakaa kumsikiliza.