Nani aliikomboa Ethiopia mwaka 1941?

Wengi tumesoma shuleni kwamba Waitaliano waliikalia Ethiopia, kisha Waingereza wakaja kuwatimua. Si uongo mtupu, ila ni ukweli uliokatwa katikati.

Addis Ababa ilitekwa Mei 5, 1936, lakini vita havikuishia hapo. Wapiganaji walioitwa arbegnoch, yaani wazalendo, waliingia milimani na kukaa huko miaka mitano: Abebe Aregai upande wa Shewa, Belay Zeleke huko Gojjam. Walifuga nywele ndefu, wakapigana kwa bunduki walizomnyang'anya adui. Mijini kulikuwa na wenzao wa siri, wakiwamo wanawake na hata makarani wa ofisi za Waitaliano wenyewe. Hao ndio waliopenyeza risasi, dawa na habari. Kwa maoni yangu, kundi hili ndilo linalosahaulika kuliko yote. Februari 1937, baada ya jaribio la kumuua Graziani, mtawala wa Kiitaliano nchini humo, maelfu ya raia waliuawa Addis Ababa, na bado uasi haukuzimika.

Waingereza je? Mchango wao ni mkubwa, tusiubeze. Majeshi yaliyotoka Kenya, wakiwamo askari wa KAR (King's African Rifles, jeshi la kikoloni la Waingereza Afrika Mashariki) waliozoea kupewa amri kwa Kiswahili, yaliingia Addis Ababa Aprili 6, 1941. Lakini yalimkuta adui ambaye tayari alikuwa ameshindwa kuitawala Gojjam nje ya ngome zake. Mjini Gondar, Waitaliano walishikilia hadi Novemba, na wazalendo walikuwapo katika mapigano hayo pia.