Jina la mwisho si lazima liwe la ukoo

Dhana: Kila mtu ana jina lake kwanza, la ukoo mwisho.

Hili ndilo kosa linaloharibu nyaraka nyingi. Uchina, Korea na Hungaria, jina la ukoo hutangulia: Xi Jinping ni wa ukoo wa Xi, hivyo "Rais Jinping" si sahihi. Wahispania hubeba mawili. Gabriel García Márquez alipata García kwa baba na Márquez kwa mama, kwa hiyo kwenye orodha ya alfabeti anatafutwa kwenye G. Wareno kwa desturi hugeuza: la mama hutangulia, la baba humalizia.

Kwingine jina la ukoo halipo kabisa. Iceland wengi hutumia ubini, yaani jina linalotokana na la baba: binti wa Jón ni Jónsdóttir, kaka yake ni Jónsson, na mama yao ana ubini wa baba yake mwenyewe. Wote ni wa nyumba moja, lakini jina la mwisho hawashirikiani. Ethiopia nako, Abiy Ahmed ni Abiy mwana wa Ahmed, na anayemwita "Bwana Ahmed" anamwita baba yake.

Kwa anayeandaa fomu, nafasi za "jina la kwanza" na "jina la mwisho" ni mtego. Uliza jina alilopewa mtu, jina la ukoo kama analo, na anavyopenda kuitwa. Usilazimishe nafasi zote zijazwe. Waindonesia wengi wana jina moja tu, kama alivyokuwa Suharto, rais wao wa zamani. Mtu wa namna hiyo akibanwa na fomu hulirudia jina lake mara mbili, kisha tiketi haifanani na pasipoti.

Dhana: Abdul ni jina kamili.

Kama jina la utani, sawa. Lakini kwa Kiarabu maneno hayo ni "mja wa", na hukamilishwa na mojawapo ya majina ya Mwenyezi Mungu: Abdulrahman ni mja wa Mwingi wa Rehema. Karani anayeandika Abdul upande mmoja na Rahman upande wa pili amelikata jina katikati.

Dhana: Jina la Kiafrika ni sifa ambayo wazazi wanamwombea mtoto.

Mengine ndiyo. Mengi, hata hivyo, yanaweka kumbukumbu ya saa, siku au hali ya nyumbani. Kwa Waakan wa Ghana, Kofi ni mvulana wa Ijumaa na Kwame wa Jumamosi. Kwa Wajaluo, Otieno alizaliwa usiku, kama Chausiku wetu. Na anayeitwa Mashaka hakulaaniwa na wazazi wake. Jina linaeleza tu walichokuwa wakipitia.

Wayoruba wana utaratibu mzuri mno kwa mapacha. Anayetoka kwanza ni Taiwo, anayefuata ni Kehinde, lakini mkubwa ni Kehinde: yeye ndiye aliyemtuma mdogo wake atangulie kuionja dunia. Ukiwapanga kwa saa ya kuzaliwa, umegeuza heshima yao.

Dhana: Kila jina lina maana moja, na orodha za mtandaoni zinaitaja.

Hiroshi ya Kijapani inaweza kuandikwa kwa alama ya upana, ya ukarimu, au nyingine. Bila kuiona alama yenyewe, huwezi kusema maana yake.

Dhana: Majina ya ukoo ni ya kale kila mahali.

Japani iliwaamuru raia wote wawe nayo mwaka 1875, Uturuki mwaka 1934.

Dhana: Maofisa wa Ellis Island, kituo cha zamani cha kupokea wahamiaji New York, waliwabadilishia wahamiaji majina.

Maofisa wale walikagua orodha za abiria zilizoandikwa na kampuni za meli kabla ya safari. Wahamiaji wengi walibadili wenyewe baadaye, Marekani, ili wapate kazi au waeleweke. Anayefuatilia ukoo wake aanze na orodha ya meli, kisha alinganishe na kumbukumbu za uraia. Mara nyingi badiliko liko katikati ya hizo mbili.