Abedzadeh: kipa na saa yake

Waulize Wairani waliokua wakifuatilia soka nani kipa wao wa enzi zote, na ubishi utabaki kwa watu wawili. Nasser Hejazi, aliyesimama langoni Kombe la Dunia la 1978 kule Argentina, na Ahmad Reza Abedzadeh, yule waliyemwita Tai wa Asia, nahodha wa 1998. Ubishi huo nawaachia wenyewe. Mimi namchukua Abedzadeh kwa sababu ya kikazi: mechi zake kubwa zinaonyesha, kuliko za kipa mwingine ninayemfahamu, kitu ambacho sisi tunaofundisha makipa tunakisahau. Tunafundisha kudaka, kupangua, kuruka, kupiga goli kiki. Kusoma saa, yaani kujua lini sekunde ni mali yako na lini ni za mpinzani, hatufundishi.

Historia yake kwa ufupi. Alizaliwa Abadan, mji wa mafuta kusini-magharibi mwa Iran, Mei 1966. Soka la ngazi ya juu alilianzia Isfahan, akahamia Esteghlal ya Tehran, kisha Persepolis, mahasimu wakubwa wa Esteghlal. Anayejua Simba na Yanga hahitaji kuelezwa uzito wa safari hiyo. Akiwa na Esteghlal walitwaa ubingwa wa klabu za Asia mwaka 1991, wakiifunga Liaoning ya China 2-1 kwenye fainali mjini Dhaka. Akiwa na Persepolis akakusanya mataji ya ligi. Timu ya taifa aliichezea mechi 79, kuanzia 1987 hadi 1998.

Miaka hiyo itazame vizuri. Hakuna kizazi cha makipa kilichobadilishiwa sheria kikiwa kazini kama kile. Alipoanza, beki aliyebanwa alimrudishia kipa mpira kwa mguu, kipa akaudaka, na presha ikaishia hapo. Mwaka 1992 mlango huo ukafungwa: pasi ya mguu ya makusudi kutoka kwa mwenzako huishiki. Mwaka 1997 ikaongezwa kwamba hata mpira wa kurusha kutoka kwa mwenzako huushiki. Mwaka huohuo ukaja mwongozo kwamba kipa akikaa na mpira mikononi zaidi ya sekunde tano au sita ahesabiwe anapoteza muda, huku ile kanuni ya zamani ya kutotembea zaidi ya hatua nne na mpira mikononi ikiendelea kuwepo hadi 2000. Kwa hiyo kipa aliyejifunza kupunguza kasi ya mchezo kwa njia moja alilazimika kutafuta nyingine akiwa na miaka zaidi ya ishirini na mitano. Kwa kipa, tabia za umri huo zimeshaganda.

Mchezo wa kwanza wa kuutazama ni Beijing, fainali ya Michezo ya Asia, Oktoba 1990. Iran na Korea Kaskazini, 0-0 baada ya dakika 120, Iran wakashinda 4-1 kwa penalti. Ukiutazama leo kumbuka kwamba wakati ule kipa hakuruhusiwa kusogeza miguu hadi mpira upigwe. Ruhusa ya kucheza kushoto na kulia juu ya mstari ilikuja 1997. Penalti inapigwa kutoka mita 11. Ikienda kwa kasi ya kilomita 100 kwa saa inafika langoni kwa sekunde 0.4 hivi, na kipa aliyegandishwa miguu hana muda wa kuona kisha kuamua. Anachobaki nacho ni kusoma mguu wa kusimamia wa mpigaji na nyonga yake, na kumchelewesha kidogo kabla: kutembea taratibu kwenda langoni, kusimama wima mikono wazi, kumpa mpigaji sekunde tatu nne za kufikiri zaidi. Hiyo ndiyo sehemu ya saa ambayo hakuna sheria iliyoweza kuifuta yote.

Sasa Johor Bahru, 16 Novemba 1997. Hapa ndipo saa ilipomgeukia.

Ulikuwa mchujo wa kutafuta nafasi ya tatu ya moja kwa moja ya Asia kwenye Kombe la Dunia la 1998 nchini Ufaransa, Iran na Japan kwenye uwanja usio wa yeyote, Malaysia. Japan walitangulia kwa Nakayama, Khodadad Azizi akasawazisha mara tu baada ya mapumziko, Ali Daei akaifanya 2-1. Kuanzia dakika ya 59 hadi ya 76 Iran walikuwa na mguu mmoja Ufaransa, kisha Jo akasawazisha kwa kichwa. Zikaja dakika za nyongeza kwa goli la dhahabu: atakayefunga kwanza, mchezo umekwisha.

Kipa lazima aelewe goli la dhahabu linafanya nini na hesabu yake. Ukiwa mbele 2-1, kila sekunde inayopita ni mali yako. Ikiwa 2-2 kwa goli la dhahabu, sekunde ni mali yako endapo tu unazitaka penalti na miguu ya mabeki wako inaweza kufika huko. Kama wenzako wamechoka kuliko wapinzani, kupunguza kasi hakuwapumzishi vya kutosha. Kunawaacha wasogee nyuma, mstari wa ulinzi unakaa ndani ya 18 (eneo la penalti), na mashuti yanaanza kuja kutoka mita 20 huku watu wamejazana mbele yako. Ndivyo ilivyokuwa. Okano, mkimbiaji aliyeingizwa mwanzoni mwa nyongeza, alipoteza nafasi za wazi kiasi cha kuwafanya Wajapani washike vichwa. Dakika ya 118 Nakata akakokota mpira katikati akapiga. Abedzadeh akaenda chini, akaupangua, mpira ukabaki mbele ya lango, na Okano akateleza nao hadi wavuni. 3-2.

Wengi husema "kipa aliutema". Mimi nasema tuangalie upanguaji wenyewe, maana kosa hili naliona kila wiki kwa makipa wa ngazi zote. Shuti la chini la kando likikushinda kudaka, mpira una sehemu mbili tu salama pa kwenda: nje ya nguzo, au pembeni kabisa, mbali na mstari wa katikati ya lango. Ili uende huko mambo matatu yawepo. Kwanza, hatua ndogo ya kwenda mbele kwa mshazari kabla ya kuanguka, ili uukute mpira mbele ya mwili, usiukute ukiwa sambamba na mbavu. Pili, mkono wa chini uende wa kwanza, kiganja kigumu, kifundo kimekazwa, sehemu ngumu ya chini ya kiganja ndiyo inayougusa. Vidole vikiupokea peke yake, mpira unapoteza kasi na kudondoka palepale. Tatu, kiganja kielekee kwenye kibendera cha kona, kisielekee kwa mpigaji.

Uchovu unaua jambo la kwanza kabla ya mengine. Baada ya dakika 100 kipa huacha ile hatua ndogo. Anaanguka kutoka alipo, mwili unakwenda kando au hata kurudi nyuma, mkono unafika umelegea, na mpira unarudi mita mbili tatu mbele. Ndiyo maana mazoezi ya kupangua yakifanywa mwanzoni mwa kipindi tu, mwili ukiwa mbichi, hayamfundishi kipa anachohitaji. Weka seti mbili za mashuti manane manane mwishoni kabisa, kila shuti likifuatwa na mshambuliaji anayekimbilia mpira uliotemwa, na uhesabu mipira iliyobaki ndani ya upana wa lango, ile mita 7.32. Ikizidi miwili katika minane, rudi kwenye hatua ya kwanza.

Siku sita baadaye Iran walikuwa uwanjani tena, Azadi, Tehran, mbele ya watu zaidi ya laki moja, wakicheza na Australia nafasi ya mwisho ya dunia nzima. Harry Kewell akafunga, Azizi akasawazisha, 1-1. Marudiano yakawa 29 Novemba, Melbourne, watu zaidi ya 85,000.

Saa ya kwanza ya mchezo ule mpe kila kipa kijana aitazame. Australia ya kocha Terry Venables iliwazidi Iran kwa kila kitu. Mabao yalikuwa mawili tu, Kewell kipindi cha kwanza na Aurelio Vidmar dakika ya 48, lakini nafasi zilitosha mabao mengi zaidi. Tofauti ya 2-0 na 4-0 ilikuwa Abedzadeh. Mshambuliaji alipobaki yeye na kipa, angalia anavyotoka: anakimbia mpira ukiwa umetengana na mguu wa mshambuliaji, anapunguza kasi mguu huo unapoufikia, na anasimama kabla haujapigwa. Makipa wengi wanaopigwa ana kwa ana hawapigwi kwa kuchelewa kutoka. Wanapigwa kwa sababu bado wanakimbia wakati shuti linaondoka, na mtu anayekimbia hawezi kushuka chini kwa haraka wala kunyoosha mguu pembeni.

Halafu likatokea la ajabu. Muda mfupi baada ya bao la pili, mtazamaji mmoja aliingia uwanjani, akajitupa kwenye nyavu za lango la Iran na kuzichana. Mchezo ukasimama dakika kadhaa mafundi wakizifunga upya. Australia walikuwa wamewasha moto. Ukazimwa na mtu wao wenyewe. Abedzadeh anaonekana ametulia, hana haraka na dunia.

Mchezo unaposimama hivyo, kazi ya kipa ina mpangilio. Ya kwanza ni nyavu zenyewe. Mwamuzi ndiye anayeamua kama ziko sawa, lakini wewe ndiye utakayesimama mbele yake, kwa hiyo kagua. Anza kona za chini nyuma ya nguzo, maana hapo mpira wa pembeni unaweza kupenya kutoka nje na kuzua ubishi wa goli. Vuta kwa mkono panapokutana nyavu na nguzo, panda hadi mtambaa panya. Mpira una kipenyo cha sentimita 22 hivi. Tundu lolote linalopitisha ngumi mbili pamoja lifungwe kwa kamba. Hakikisha pia nyavu hazijalegea zikaja mbele hadi zikukamate kiwiko.

Ya pili ni mwili. Baada ya dakika tano za kusimama misuli ya nyuma ya paja inaanza kupoa. Tembea, piga hatua fupi za pembeni nguzo hadi nguzo mara nne, mwombe beki akurushie mipira sita hadi minane ya kifuani na ya chini, anguka mara mbili kila upande. Usikae chini.

Ya tatu, waite mabeki wa kati. Timu iliyofungwa bao dakika chache zilizopita inahitaji maneno mawili matatu tu: nani anamshika nani, mstari uanzie wapi, na mpira wa kwanza utaenda upande gani. Hotuba waachie makocha.

Mchezo uliporudi haukuwa uleule. Katika dakika 20 za mwisho Karim Bagheri akafunga, kisha Azizi akapenya katikati na kusawazisha. 2-2, jumla 3-3, Iran wakaenda Kombe la Dunia kwa goli la ugenini, yaani jumla ikiwa sare anapita aliyefunga mengi ugenini. Na kuanzia hapo saa ilikuwa mali ya Abedzadeh tena. Kila mpira alioukamata ulikuwa sekunde tano za halali, na kila goli kiki ilipigwa kutoka upande wa mbali na pale mpira ulipotokea, jambo ambalo sheria iliruhusu kwa kuwa goli kiki hupigwa popote ndani ya eneo dogo la goli.

Ufaransa 1998 nitapita haraka. Mechi ya kwanza, dhidi ya Yugoslavia, aliikosa kwa majeraha. Nima Nakisa akadaka na Iran wakafungwa 1-0 kwa frikiki ya Mihajlović. Tarehe 21 Juni mjini Lyon alirudi na kitambaa cha unahodha dhidi ya Marekani, ile mechi ambayo Wairani waliwapa Wamarekani maua meupe na timu zikapiga picha ya pamoja. Estili akafunga kwa kichwa dakika ya 40, Mahdavikia la pili dakika ya 84, McBride akarudisha moja dakika ya 87. Sehemu kubwa ya kipindi cha pili ilikuwa krosi na mipira ya juu, na Wamarekani waligonga nguzo na mtambaa panya zaidi ya mara moja. Iran walikuwa na bahati, tusidanganyane. Lakini tazama kipa asivyotoka. Krosi inayoangukia nje ya mita 5.5 za eneo dogo la goli huku kuna miili mitatu njiani si yake, na anabaki kwenye mstari akiwa na miguu iliyotulia. Makipa wetu hutoka kwa sababu benchi linapiga kelele "toka!" kisha wanabaki katikati ya safari, mikono hewani. Kama umeamua, ita "yangu!" mapema na uende hadi mwisho. Kama hujaamua mpira ukiwa nusu ya njia, umeshachelewa: ita "toa!" na urudi hatua mbili.

Mechi ya tatu Wajerumani waliwafunga 2-0, la kwanza kichwa cha Bierhoff, na Iran wakaaga.

Mwaka 2001 alipatwa na kiharusi akiwa bado mchezaji wa Persepolis, na kazi ya langoni ikaishia hapo. Alipona, akawa kocha wa makipa. Mwanawe Amir, kipa pia, alicheza Marítimo ya Ureno na akaitwa kikosi cha Iran cha Kombe la Dunia 2018 na cha 2022.

Goli la dhahabu lilifutwa 2004. Goli la ugenini nalo limeondolewa kwenye mashindano mengi. UEFA waliliacha 2021. Na tangu Julai 2025 kipa akishika mpira zaidi ya sekunde nane, wapinzani wanapewa kona, mwamuzi akihesabu tano za mwisho kwa vidole mkono ukiwa juu. Kipa anayetaka kuishi na sheria hii ahesabu kimoyomoyo tangu anapoushika mpira: tatu za kuinuka na kutazama, tatu za kutembea hadi ukingo wa boksi, na ya saba mpira uwe umeshaondoka.