Si kila asiyeona anasoma nukta nundu

Imani imekaa muda mrefu kwamba kila asiyeona husoma nukta nundu (breli, maandishi ya kusomwa kwa vidole ambayo herufi zake hupangwa kwa nukta 6 zilizoinuka), hivyo maktaba yenye rafu moja ya vitabu hivyo imemaliza kazi. Sivyo. Wengi hupoteza uwezo wa kuona ukubwani, kwa mtoto wa jicho, presha ya macho au kisukari; na kisukari hichohicho huweza kutia ganzi vidole vinavyotakiwa kupapasa zile nukta 6. Mzee wa namna hii anahitaji maandishi makubwa, kitabu cha kusikiliza, au kompyuta yenye programu inayosoma skrini kwa sauti.

Nukta nundu zenyewe zisidharauliwe kamwe: mtoto aliyezaliwa haoni hujifunza tahajia kwa vidole vyake, na sauti pekee haimpi hilo.

Wakutubi wengine husita kutengeneza nakala za vitabu kwa nukta nundu, sauti au maandishi makubwa wakihofia hakimiliki. Mkataba wa kimataifa wa Marrakesh wa 2013 unazitaka nchi wanachama, Kenya na Tanzania zikiwemo, ziziruhusu kisheria bila kumwomba mwenye haki. Unawahusu pia wenye disleksia (tatizo linalofanya kusoma kuwe kugumu), na hata wasioweza kushika kitabu mkononi.